Ndama wa Kaniki

Enzi za Mwingereza, pale Bukene kwenye reli ya Mwanza, hakuna aliyeuza mtindi mzito kama Siwema binti Lugembe. Treni ikisimama tu, abiria walimwita madirishani kabla hajatua kibuyu. Babu yake alikuwa mpagazi wa misafara. Alibeba pembe za ndovu mpaka pwani, akarudi na mtamba mmoja, na ng'ombe wote wa ukoo walitokana na huyo. Lakini ukame na maradhi havikuwaonea haya. Kufikia mwaka hamsini na tatu alibakiwa na ng'ombe mmoja, mweusi tii, aitwaye Kaniki, naye alikwishaanza kuzeeka, pamoja na ndama wake dume aliyekuwa akinyonya.

Si kwake tu. Maziwa yalipungua kila boma. Serikali ikaleta dume la mbegu nzuri, na tangazo juu yake: ng'ombe atakayetoa maziwa mengi kuliko wote Jumamosi asubuhi, pale kwenye josho la kuogeshea ng'ombe, ndiye atakayepandwa. Siwema alifurahi hata chakula hakikupita. Mtamba mmoja tu wa dume lile, na boma la babu lingefufuka.

Loo, Alhamisi nyoka akamgonga ndama wa Kaniki, ndama akafa!

Siwema alilia bila kumficha mtu. Kisha akajifuta machozi, akafanya wafanyavyo wafugaji: akamchuna ndama, akaijaza ngozi nyasi, akaisimamisha mbele ya mama yake. Ng'ombe wetu hawa hawana mchezo. Asipomnusa mwanawe hashushi tone, umbembeleze usimbembeleze. Kaniki akainusa, akailamba, akashusha.

Jumamosi karani wa mifugo alikuwa Nikolaus, kijana msomi wa Tabora mjini, kaptura yake imenyooshwa pasi ikanyooka. Alikuwa na kopo la kupimia maziwa kwa painti, na cheti kilichouliza jina la mwenye ng'ombe, painti ngapi, na kama ndama yupo au hayupo. Ng'ombe wa Masolwa, tajiri wa pale, alitoa painti tatu kamili, na Masolwa akaanza kupokea pongezi.

Zamu ya Siwema ilipofika, Nikolaus alimwamkia kwa adabu, kisha akaiona ile ngozi. Akasema samahani mama, kanuni ya josho ni kwamba ngozi ya mnyama aliyekufa isiguse ardhi ya hapa. Siwema akajaribu kukamua bila ngozi. Kaniki akapiga teke, kiwele kikavu. Watu wakaanza kumhurumia, na hilo ndilo lililomchoma zaidi.

Akasimama, akaitazama ardhi, akamtazama karani.

"Isiguse chini, sawa," akasema. "Basi ibebe wewe, baba."

Nikolaus alifikiri kidogo. Kanuni haikukataza. Akaikumbatia ile ngozi, akasimama mbele ya Kaniki, uso umemkunjamana. Kaniki akalamba ngozi, ulimi ukapanda mkononi, ukafika shingoni, ukaiangusha kofia, ukaingia sikioni. Maziwa yakashuka. Painti moja, mbili, ya tatu ikajaa. Hapo karani akasogea ili achungulie kopo, na maziwa yakakatika papo hapo.

"Rudi," Siwema akamsihi. "Rudi, umlilie."

Msomi wa Tabora akavuta pumzi, akalia kama ndama, tena kwa moyo wote. Kaniki akaitikia kwa sauti nzito, na painti ya nne ikajaa ikamwagika. Watu walicheka mpaka wakakaa chini, na Masolwa naye akacheka, maana ya kununa hayakuwepo.

Mwaka uliofuata Kaniki alizaa mtamba wa dume lile. Siwema alimwita Nikolaus, jike vivyo hivyo, na karani alipopita akaenda kumwona wajina wake. Kaniki akamlamba shingo kabla hajasema neno.

Siwema akamuuliza siku ile kwenye cheti, pale pa ndama, aliandika nini.

"Niliandika yupo, mama," akajibu, huku akijifuta sikio.