Bolti Nne za Bubu

Mshonaji aliletewa habari na wifi yake, mke wa kaka yake, aliyeingia na birika mkono mmoja na simu mkono wa pili. Wifi ndiye mpika chai wa studio. Yeye mwenyewe alikuwa mshonaji wa mavazi, na chumba chake kilikuwa kile cha mwisho kwenye ukumbi, hakina dirisha, kina cherehani mbili na mlango ambao kwa miaka minne haujafungwa hata siku moja. Aliuzuia kwa kipande cha tofali. Aliyethubutu kulisogeza tofali lile alisikia maneno ambayo hata mama yake hakuwahi kumwambia.

"Wifi, kaa chini," mpika chai alisema.

"Nimekaa. Au siku hizi huoni?"

"Basi shika meza. Wanamtaka Bubu."

Mguu wa mshonaji uliganda juu ya pedali ya cherehani.

Studio ile ilitengeneza tamthilia ya anga, watu wamo ndani ya chombo, wanazunguka kwenye nyota miaka nenda miaka rudi wakitafuta dunia mpya ya kuishi. Mwanzoni alikuwemo kiumbe mmoja waliyemwokota mwezini wakamwita Bubu, kwa kuwa hakusema neno. Baadaye walimtupa nje ya chombo, akapotelea gizani, hadithi ikaendelea bila yeye. Sasa sehemu ya mia ilikuwa inakaribia, na kituo cha televisheni kikawauliza watazamaji: katika wote waliokufa na waliopotea, mngependa nani aonekane tena, hata kwa kupita tu? Wengine walimwomba nahodha wa zamani. Wengine walimtaka yule daktari aliyemezwa na jua. Lakini waliomwomba Bubu walikuwa wengi kuliko hao wote wakijumlishwa.

"Sikia huyu," wifi alisoma, maana mshonaji hakujua kusoma. "'Dakika moja tu. Asimame dirishani, ainamishe kichwa vile alivyokuwa anainamisha, sisi tulie yaishe.' Na huyu: 'Asipokuja Bubu mimi televisheni nauza.' Muongo, hana mahali pa kuiuza."

"Wanasema kichwa?"

"Wote wanasema kichwa. Anavyokiinamisha kwa huzuni, wanasema. Mmoja anasema humuona marehemu baba yake."

Kichwa kile kilikuwa cha plastiki ngumu ya kijivu, vipande viwili, uso na kisogo, vikibanwa kwa bolti nne, mbili kila upande chini ya masikio. Upande wa kushoto, karibu na taya, palikuwa na tundu la kupitisha hewa lenye upana wa kidole. Kila alipoishiwa pumzi humo ndani aliinamia kushoto, aweke pua kwenye tundu. Hiyo ndiyo huzuni iliyowaliza watu.

Maana Bubu alikuwa yeye. Vazi lilitengenezwa dogo kwa makosa, na studio nzima hapakuwa na mtu mfupi na mwembamba kama mshonaji. Walimwambia ni siku mbili. Ikawa miaka miwili. Kwenye majina yanayopita mwisho wa kipindi liliandikwa jina la shemeji wa mtayarishaji, kijana mrefu mwenye sura, ambaye kazi yake ilikuwa kusimama kando ya lile vazi tupu akipigwa picha. Hayo aliyameza. Mtu asiye na cheti huzoea kumeza.

Jambo ambalo halikumezeka ni la siku ile ya chakula cha mchana. Fundi wa vyuma alimfunga bolti nne, wakapiga picha mbili, kisha mtu akasema kula, taa zikazimwa, watu wakatoka. Fundi alitoka na spana mfukoni. Hakuna aliyekumbuka kwamba ndani ya Bubu mna mtu. Alipiga kelele, sauti ikamrudia masikioni. Alipiga ukuta kwa mikono ile minene ya sponji, ikawa kama anapiga godoro. Walipomfungua alikuwa amezimia, amejikojolea, midomo imebadilika rangi. Mtayarishaji alisimama juu yake akasema, "Huyu mama alisinzia." Watu wakacheka, labda kwa hofu, lakini walicheka. Neno hilo ndilo lililobaki studio: mshonaji alisinzia. Bubu akatupwa nje ya chombo wiki iliyofuata.

Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ong'o hushtuka, na yeye sasa hakuletewa ung'ong'o. Aliletewa nyoka yuleyule.

Mtayarishaji alikuja mwenyewe kesho yake. Alikuwa mtu wa kutabasamu kabla hujajua anataka nini.

"Mama, habari za kazi? Umesikia watu wetu wanavyokupenda?"

"Wanampenda Bubu."

"Si ndiyo wewe? Dakika mbili tu. Unasimama dirishani, unainamisha, unatoka."

"Tengenezeni kichwa kingine, cha kufungua kwa ndani."

"Watagundua. Hawa watu wanajua mpaka bolti. Kuna mmoja ametuma picha kazizungushia duara, anauliza kwa nini kwenye sehemu ya ishirini bolti moja ilikuwa na kutu." Alicheka. Kisha akaacha kucheka. "Mama, mimi sikulazimishi. Lakini mtu wa mavazi ambaye hataki kuvaa vazi, mimi nikiulizwa na wakubwa nitasema nini? Wenye vyeti vya ushonaji wako mlangoni kila siku."

Mshonaji alitazama mikono yake. Mume alishaondoka zamani na nyumba akaenda nayo; alichobakiwa nacho ni chumba cha kupanga na cherehani hii ambayo si yake.

"Nitavaa," alisema. "Ila anifunge wifi. Spana ikae mfukoni mwake, na yeye asimame ninapomwona. Asiondoke. Hata nyumba ikiungua asiondoke."

"Hilo tu? Limepita, mama."

Kwa siku nane zilizobaki hakulala usingizi wa maana. Kichwa kilitolewa stoo, kikaletwa kwake akifute vumbi na kubadili kitambaa cha ndani. Alikigeuza uso ukutani. Mchana akishona alihisi kinamtazama kwa kisogo. Alikata kitambaa cha ndani mara mbili, mara zote mbili akakosea vipimo, yeye ambaye hupima suruali kwa jicho. Jioni moja alijaribu kukivaa bila bolti, nusu dakika tu ajizoeze. Harufu ya plastiki ilipompanda puani alikitupa kikagonga mguu wa meza, akakaa sakafuni karibu na mlango mpaka harufu ile ikamtoka.

"Kataa," wifi alimwambia.

"Nile nini? Bolti?"

"Basi mimi nitasimama pale kama mlingoti. Wakitaka kunitoa walete trekta."

Siku ilipofika walikuja pia wageni. Mashabiki sita walikuwa wamechaguliwa waje kuona Bubu anavyorudi, miongoni mwao muuguzi wa makamo aliyekuwa na daftari, na baba mmoja mnene aliyevaa fulana yenye uso wa Bubu kifuani. Waliwekwa kwenye viti nyuma ya kamera. Mshonaji alivishwa pembeni, nyuma ya pazia, wasimwone. Wifi alifunga bolti ya kwanza, ya pili, ya tatu.

"Wifi, uko sawa?"

"Usiniulize. Funga."

Ya nne ilipokazwa, dunia ilikwenda mbali. Akabaki na pumzi yake mwenyewe, inakwenda na kurudi kama mtu mwingine amelala kando yake. Kwenye macho ya Bubu palikuwa na ufa mwembamba. Kwa ufa huo alimtafuta wifi, akamwona kando ya nguzo, aproni ya bluu, mkono juu ya mfuko. Akatulia kidogo. Alijiambia atahesabu kama anavyohesabu mishono. Upindo wa suruali moja, dakika mbili zimekwisha.

Alisimama dirishani. Taa za studio zilikuwa kali, ndani kukawa jiko. Alifika mishono sitini akahitaji tundu. Aliinamia kushoto. Nyuma ya kamera mtu akaanza kulia. Ni yule baba wa fulana.

"Rudia," mtayarishaji aliagiza. "Nzuri sana, lakini taa. Mama, usitoke, ni dakika moja."

Walihangaika na taa. Mshonaji aliinua macho kwenye ile nguzo.

Aproni haikuwepo.

Alidhani ufa umemdanganya. Aligeuza kichwa chote kulia, kisha kushoto, taratibu, maana kilikuwa kizito. Nguzo ilikuwepo. Wifi hakuwepo. Baadaye alikuja kujua lilikuwa jambo dogo kabisa: mtayarishaji aliwaona wageni wamekaa mikono mitupu, akamnong'oneza mpika chai awaletee chai. Wifi alikataa, akaambiwa, "Ni dakika tatu, mimi mwenyewe namwangalia." Kwa mtayarishaji yule mwanamke alikuwa mpika chai, na wageni wanataka chai. Kwamba ndani ya mfuko wa aproni ile mlikuwa na pumzi za mtu, hilo lilishamtoka kichwani kabla chai haijachemka.

Mshonaji aliita. Sauti ilimrudia masikioni, ileile ya miaka minne iliyopita. Akapunga mikono ya sponji. Mashabiki wakapunga wao pia, wakifurahi. "Anatusalimia," mmoja alisema. Mshonaji hakusikia maneno, aliona midomo na meno. Alipiga kifua. Wakapiga makofi.

Hapo miguu yake ilianza kulegea, na akaijua ile hali. Baada ya miguu huja weusi pembeni mwa macho, kisha hakuna kitu. Safari ile alikuwa amebaki pale alipowekwa, akingoja watu wamkumbuke. Safari hii aliinua mguu.

Kulikuwa na ngazi mbili kushuka toka dirishani, naye hakuziona. Aliteremka kwa kupapasa kwa kisigino, kama mlevi anayejifanya mzima. Mpiga kamera, ambaye hakuwa mjinga, alimfuata na kamera bila kuizima. Mtayarishaji alisema, "Mama, mbona unatoka?" Alipita mbele yake. Alipita kati ya viti vya mashabiki, wakamgusa mabega, wakampa njia. Ukumbi ulikuwa mrefu. Alijua vyumba kwa mpangilio wake: stoo, ofisi, choo, halafu jikoni. Aliegemeza bega ukutani akajiburuta nalo, pumzi zikiwa fupi kama za mbwa, mdomo mkavu, ndani ya kichwa mkitiririka jasho mpaka kidevuni. Choo. Mlango uliofuata ulikuwa jikoni.

Mabega ya Bubu hayakupita. Alikwama mlangoni, sponji huku na huku, hawezi mbele hawezi nyuma. Kwa ufa aliona birika, vikombe sita kwenye sinia, na mgongo wa bluu. Hakuweza kuita. Aliufyatua mguu wake kwa nguvu zote zilizobaki, akapiga ndoo ya maji, ikabingirika.

Wifi aligeuka. Aliangusha kijiko, akaja na spana mkononi akisema maneno ambayo hakuna aliyeyaelewa. Uso wa Bubu ulipobanduka, mshonaji alivuta hewa kwa sauti kama kitambaa kinachochanwa.

Nyuma yake mashabiki walikuwa wamefika wote. Walimsaidia wifi kumvuta, wakamkalisha kwenye benchi la jikoni. Walitazama nywele zilizogandamana, shavu lililopauka, na ule mdomo. Hakuna aliyelia sasa. Muuguzi alimshika kifundo cha mkono, akahesabu kimya.

"Huyu mama alikuwa anakufa," alisema. "Tulikuwa tunampigia makofi."

Mtayarishaji alikuja kwa haraka, tabasamu limeshatangulia. "Anakufa wapi, dada yangu? Ni kofia tu hii. Ana woga wake wa tangu zamani." Aliona hawakutabasamu. "Angalieni basi." Aliketi mwisho wa benchi, akachukua vile vipande viwili, akajibandika mbele na nyuma. "Funga," alimwambia mpika chai. "Zote nne, waone."

"Kitanda usichokilalia, bosi," wifi alisema, akafunga. Zilipokazwa zote alimpa mshonaji spana.

Mtayarishaji aliinua dole gumba. Kisha akaweka mikono magotini. Mashabiki walisimama wakimtazama Bubu mwenye suti na viatu vya kung'aa. Mshonaji alitazama mikono tu, na kwa mikono alijua kila alipofika. Sasa anasikia pumzi yake. Sasa pua inamwasha na hawezi kuikuna. Vidole vilianza kushika kitambaa cha suruali. Kichwa kikainama, kulia, upande usio na tundu.

"Mwache kidogo," wifi alisema pole pole.

Mikono ilipanda masikioni ikaanza kutafuta bolti. Ndani palitoka sauti, haina maneno. Muuguzi alimgeukia mshonaji, lakini mshonaji alikuwa ameshasimama. Hakusimama kwa huruma. Huruma kwa mtu yule aliimaliza zamani. Ila sauti ile ilimwingia yeye kifuani, akahisi ni yeye aliyemo tena, na spana ikateleza mara mbili kwenye bolti ya pili. "Ngoja, ngoja," alimwambia, au alijiambia. Ya tatu. Ya nne ilikuwa imepinda, akaizungusha kwa meno ya spana na kucha.

Mtayarishaji alitoka akiwa hana rangi. Alikaa akiukodolea macho mlango uliokuwa wazi. Tai alikuwa ameing'oa, iko sakafuni kwenye maji ya ndoo. Ilipita muda kabla hajamwita fundi wa vyuma, akamwambia azikate zile bolti zote leo, aweke komeo la ndani, na watazamaji waseme watakalo.

Samahani hakusema. Alinyanyuka, akaomba njia, akapita. Mashabiki walikunywa chai yao wamesimama, na yule baba mnene aligeuza fulana yake nje ndani kabla ya kwenda.

Mshonaji alirudi chumbani kwake. Kulikuwa na upindo wa sare za marubani unaomngoja. Alishika uzi, akaulowesha mdomoni, akaulenga kwenye tundu la sindano, akakosa. Alijaribu mpaka watu wa zamu yake wakaanza kuondoka, na uzi haukuingia.