Wakimbizi Wangu wa Cibitoke

Mimi ni mtunza kanda za video katika televisheni moja ya Bujumbura. Wageni wanaotengeneza filamu juu ya vita vyetu waliniomba picha za wakimbizi. Nikapata kanda kuukuu: watu wa Cibitoke wanakimbia, viti vichwani, masufuria mikononi. Umeme ukakatika kabla sijaimaliza, lakini machozi yalishanitoka, nikasaini kibali waitumie.

Siku ya kuonyesha filamu, ukumbi mzima ulikuwa unafuta machozi. Mi nilikaa mbele na kravati yangu shingoni. Kumbe kanda iliendelea: mvua ikaanguka, akatokea bibi harusi, viatu mkononi, na nyuma yake mkimbizi wa mwisho, amekumbatia kreti ya bia, anacheka.

Direkta wetu wa televisheni akanigeukia.

“Papa Eric, uyu si ni we?”