Neno la Mwanne

Watu wa Kisarawe hawakuijua kampuni, walimjua Mwanne. Na kampuni iliyatambua hayo mapema. Ilikuwa inatengeneza runinga zenye king'amuzi humohumo ndani, ikataka kuziingiza vijijini, ambako washindani wake hawakuwa na habari nako. Eliya, meneja wa kanda, alisema biashara ya namna hiyo haiendi kwa matangazo ya redio, inataka mtu wa nyumbani. Akampata Mwanne, mjane aliyekuwa anauza vitenge, mtoto wa ukoo uliokaa pale tangu enzi. Wakampiga picha kajitanda ushungi wa buluu, bango likasimamishwa karibu na soko.

Akauza kweli. Aliwauzia mashangazi, walimu wa madrasa, majirani wa mama yake. Baba yake mkubwa, Mzee Abdulwahab, aliuza muhogo wa msimu mzima akachukua moja kubwa, na siku za mpira sebule yake ikawa haina pa kukanyaga.

Kisha kampuni ikageuza mkakati. Wakubwa waliona soko limehamia kwa watu wanaojenga mtaa wa Picha ya Ndege, Kibaha, wanaoshinda Dar na kurudi jioni, wanaotaka runinga pana za intaneti. Zile za vijijini zikaachwa kutengenezwa, na fundi wa kampuni aliyekuwa Kisarawe akaondolewa. Umeme ulipopanda na kushuka, ving'amuzi vya ndani vikaanza kuungua, kioo kinabaki cheusi, na kipuri chake hakipatikani dukani popote.

Watu hawakwenda kwenye kampuni. Walimwendea Mwanne. Walimshika mkono msibani wakamuuliza, walimsubiri mlangoni kwake. Hakuna aliyemtukana, na laiti wangemtukana angepumua. Mzee Abdulwahab alimwita, akamkaribisha chai, nyuma yake runinga imefunikwa kitambaa.

"Mwanangu," alisema, "kampuni hiyo hata jina lake halinikai kichwani. Mimi nilinunua neno lako."

Mwanne akaaga. Kesho yake akaenda ofisi ya kanda, Kibaha, kumwambia Eliya kwamba anaacha kazi. Eliya hakumbishia. Alimweleza kwa upole kuwa ghalani vimebaki vipuri vya zile runinga za zamani, ila havitatoka kwa mtu asiye mfanyakazi. Tena duka jipya la Picha ya Ndege linatafuta msimamizi. Akibaki, atakuwa anawachukulia watu wake vipuri kidogo kidogo.

Akabaki.

Alijiwekea sharti moja tu, kwamba hatamdanganya tena mtu. Mteja wa kwanza alikuwa muuguzi, Stellamaris, amesimama mbele ya runinga pana kuliko zote. Mwanne akamsogelea.

"Ni nzuri," alimwambia. "Lakini siku wakiamua kuiacha, watakuacha nayo. Mimi nimeshauza nyingine, zikaachwa."

Alitegemea dada yule atatoka. Badala yake Stellamaris akasema kote alikopita hakuna aliyemwambia ukweli, akainunua. Wiki iliyofuata akamleta shoga yake.

Mauzo yakapanda. Wakubwa wakaja kutoka Dar kumsikiliza, kisha wauzaji wa maduka mengine wakaletwa kukaa pembeni yake wajifunze maneno yale, hata anavyoshusha sauti akiyasema. Eliya alimshukuru kwa dhati. Kuaminika, alisema, ndio mkakati wenyewe sasa. Mwanne akafikiria kunyamaza. Lakini mteja akiuliza naye akanyamaza, si ndiyo anamdanganya? Akaendelea kusema kweli, na kila akisema, runinga inatoka.

Jumamosi moja alipeleka kipuri kwa Mzee Abdulwahab. Hamidu, fundi redio wa pale, akakifunga, na picha ikarudi. Mzee alifurahi hadi akainua mikono akamwombea dua, kwamba Mungu amdumishe kwenye kazi hiyohiyo, asiondoke, ili watu wake wasikose msaada.

Waliokuwepo wote wakaitikia amina. Mwanne naye akaitikia.