Maji Niliyokuwa Nikiyakausha Bafuni

Nilimwita mke wa mwanangu mchafu mbele ya akina mama wa kanisa, na mchafu hakuwa yeye. Wacha niseme yote.

Mwanangu alipotujengea nyumba ya mawe hapa Molo, aliweka choo na bafu ndani. Mimi nilizeeka na choo cha nje, nyuma ya shamba la viazi. Kwangu maji yaliyolala ni uchafu. Basi kila asubuhi nilifunua shimo la bafu, nikazamisha kitambaa, nikafyonza maji mpaka pakakauka kabisa. Mke wa mwanangu aliniona, akasema, "Mama, hayo yaache, yako na kazi yake." Nikamjibu, "Kwani unayafuga?"

Baridi ikazidi, tukawa tunaoga kwa karai jikoni. Harufu mbaya ikaanza kutoka bafuni.

Siku ya akina mama kuja kwetu, harufu ilikuwa imefika sebuleni. Mmoja aliziba pua kwa leso akijifanya anapangusa jasho, na baridi ya Molo hii! Nikaona haya, nikatafuta wa kumtupia. Nikasema kwa sauti, "Mtusamehe. Huyu wangu anajua kupaka kucha, bafu imemshinda."

Walicheka. Yeye alikuwa ameshika birika. Alimimina chai vikombe vyote, tone halikuanguka, kisha akaenda kufunga begi lake.

"Narudi kwetu Keringet na mtoto," aliniambia wageni walipotoka. "Lakini kesho fundi anakuja. Sitoki hapa kabla haijajulikana harufu inatoka wapi."

Fundi wa mabomba alikuwa mwanamke mnene wa makamo. Nilimuuliza kama kweli anaiweza kazi hiyo. "Shosho, shika tochi," akasema.

Alituonyesha paipu ya sinki ya jikoni ilivyopindwa, maji yakabaki kwenye kona. Chini ya sinki ya kunawia mikono kuna kikopo kinachofunguka, uchafu mzito unakaa ndani. Choo nacho kimetengenezwa na kona yake. Bafuni ni kama bakuli lililozikwa sakafuni.

"Zote ni trapu, na kazi ni moja," akasema. "Hayo maji ndiyo mlango. Yakiisha, harufu ya shimo la maji machafu la nje inapanda mpaka ndani. Bafu isipotumika yanakauka yenyewe, kwa hivyo mnamwaga jagi moja kila wiki." Akapitisha kidole ndani ya lile bakuli la bafuni. "Lakini hii haikukauka yenyewe. Imepanguswa. Nani alifanya hivi?"

Kitambaa changu kilikuwa kimeanikwa dirishani. Mke wa mwanangu alikitazama, kisha akanitazama mimi. Afadhali angenitukana.

Fundi alipoenda nikamwambia mke wa mwanangu, "Usiende. Nimekosa."

"Mama, ulinisema mbele ya watu. Utaniomba msamaha bafuni?"

Begi likabaki mlangoni.

Niliwaita tena wale akina mama. Kabla ya chai nilisimama, nikaeleza habari ya kitambaa na ya ule mlango wa maji tangu siku ya kwanza. Nikasema bafu niliharibu mimi, na huyu msichana alinionya nikamdharau. Yule wa leso akaangua kicheko. "Kumbe ulikuwa unatoa mlango kila asubuhi!" Uso ulinichoma. Nilistahili.

Mke wa mwanangu hakucheka. Alipita katikati yetu, akachukua begi, akalirudisha chumbani. Alitoka na jagi la maji, akaninyooshea.

"Bafu bado ni kavu, mama."

Nikalipokea nikaenda kumwaga, wageni wote wakiniangalia.