Siku Niliyousugua Mkanda wa Bibi

Kahawa ikichanganywa na magadi hunuka kama soksi zilizolowa. Mimi hutumia mchanganyiko huo jikoni kwangu kufanya picha zitokee kwenye mikanda ya filamu, kwa maarifa niliyojiokotezea mwenyewe, na kila nikifungua chupa hurudi mtaa wa Mabawa, bafuni kwa Shangazi Rehema, alikosafishia mikanda yake, nikiwa na miaka tisa na sielewi kitu.

Shangazi alitengeneza filamu zisizo na hadithi. Aliukwaruza mkanda kwa sindano, akaupaka hina, kisha akatuonyesha ukutani, nasi tukapiga makofi kwa adabu.

Bibi, mama yake, alikubali kupigwa picha mara moja tu, uani. "Ukinitaka kwenye picha, nikute kazini. Mie sikai kama sanamu," alisema, akisugua sufuria kwa majivu na kumbi la nazi. Ndivyo alivyonifundisha na mimi: mkono uzunguke, usiende na kurudi, na masizi yasibaki hata chembe. Mkanda ule wa dakika tatu ndio pekee uliomwonyesha Bibi akisogea.

Bibi alipofariki, Shangazi aliupeleka mkanda Moa, Bibi alikozaliwa, akaufukia kwenye tope la mikoko. Baada ya siku tatu aliurudisha na kuuanika kwenye kamba ya nguo, umejaa madoa ya kahawia na chumvi.

"Shangazi, umeuchafua!"

"Sijauchafua, mwanangu. Nimempeleka kwao."

Sikuelewa. Bibi, aliyekuwa akirudisha kikombe chenye alama ya kidole, ndiye aachwe na madoa? Nilikuwa mtoto wa kufuta neno daftarini hadi karatasi itoboke, na sijapona. Aya hii nimeiandika mara saba.

Kesho yake, Shangazi akiwa sokoni, niliutandaza mkanda kwenye saruji ya uani, kipande kwa kipande, nikausugua kwa majivu na kumbi. Madoa yalitoka vizuri, hata nikaimba. Nilipouinua juani, Bibi hakuwemo. Ulibaki mkanda mtupu, mweupe kama ukucha.

Shangazi aliporudi aliupitisha vidoleni mwanzo hadi mwisho, akaketi kizingitini. Nilingoja kofi.

"Umetumia nini?"

"Majivu."

"Na kumbi?"

"Na kumbi."

"Nani kakufundisha?"

"Bibi."

Akacheka huku machozi yakimtoka. Afadhali angenipiga, ningejua nimesimama wapi.

Jioni alifunga madirisha, akawasha projekta. Ukutani palikuwa na mwanga na mikwaruzo iliyopinda, inarukaruka. Hapakuwa na uso wala sufuria. "Shikamoo mama," akauambia ukuta. Nilidhani msiba umempanda kichwani.

Mkanda huo sasa ninao mimi. Juzi niliuweka kwenye mashine yangu mbovu, nikaupunguza mwendo. Mikwaruzo ilizunguka, ikazunguka, ikatulia kidogo kama mkono unaochota majivu, kisha ikaanza tena. Miaka yote nilikuwa nikitafuta uso pale ukutani. Sikuwahi kuutazama mkono.

Sijui kama Shangazi alinisamehe au hakuona cha kusamehe; naogopa kumwuliza. Nilichoweza ni kuurudisha mkanda mwanzo, kuuwasha tena, na kusema, jikoni mwangu peke yangu, "Shikamoo, Bibi."