Mwaliko Uliopitia Kundi la Matanga

Kiangazi cha mwaka 2024, nikiwa na miaka hamsini na sita, nilitaka wakwe zangu waone kwamba mjane aliyesoma ukubwani anaijua simu. Nikajiuliza: mwaliko wa harusi ya binti yangu Furaha, usio karatasi, utafikaje kwao Kpandroma? Niliutuma kwenye kundi la ukoo, ambalo tangu mazishi ya mume wangu linaitwa "Matanga". Picha ya maharusi haikufunguka kwao, walisoma maneno yangu tu: "Njooni wote Bunia, tarehe 3 Februari."

Siku hiyo, kwenye ofisi ya komini ya Mbunya, ndoa ilipokuwa ikiandikishwa, wifi yangu aliwasili akiomboleza na ukoo mzima.

"Mama Furaha, nani alikufa?"

"Hakuna mufu! Furaha anaolewa!"

Mama wa bwana harusi akanigeukia. "Mama, kumbe kuolewa kwetu iko kufa?"