Nadhiri ya Crisanta kwa Mtakatifu Onofre

Crisanta Valdovinos hakuwa mwoga. Nimemwona kwa macho yangu akimkata kichwa nyoka wa njuga kwa jembe, nyuma ya jiko lake, kisha akanawa mikono na kurudi kukanda unga kana kwamba ameua nzi. Wachunga ng'ombe aliowapikia zaidi ya miaka thelathini walimwogopa kuliko walivyomwogopa mwenye shamba. Lakini ukilitaja kanisa la Mtakatifu Onofre mbele yake, mdomo wake ulikauka. Mwezi wa sita ukikaribia, mahujaji wakianza kupita barabarani na fimbo zao, alifunga dirisha la upande ule, hata kama ndani palikuwa tanuri.

Mimi naitwa Librada. Nilimsimamia binti yake Obdulia ubatizo, na kwetu hapa Sonora jambo hilo huwafanya mama na msimamizi kuwa ndugu. Huitana komadre mpaka kaburini. Kwa hiyo nilijua sababu. Nilikuwepo siku ilipoanza.

Obdulia alikuwa na miaka miwili. Nge alijificha kwenye blanketi lake, akamchoma shingoni mara mbili. Alfajiri tulimkuta anatokwa na povu, macho yanazunguka, mwili unarukaruka kama samaki nchi kavu. Zahanati ilikuwa mwendo wa saa nne, na gari la shamba lilikuwa limeharibika. Crisanta alitoka uani, akapiga magoti juu ya kokoto, akaelekea upande wa kanisa.

"Mtakatifu Onofre," akapaza sauti, "niachie huyu. Niachie huyu, nami nitakuja kwako kwa miguu, kwenye jua la mwezi wa sita, na nitakuinua kwa mkono wangu."

Saa sita mchana mtoto aliomba maji. Akanywa, akalala, akapona.

Na Crisanta hakwenda. Mwaka wa kwanza alikuwa mjamzito. Wa pili mama yake aliugua. Wa tatu hakuwa na udhuru wowote, ila alikuwa amekwisha kuogopa. Maana mnamjua Onofre wetu. Amechongwa kwa mti, kimo cha mtu mzima, amelala chali katika kanisa ambalo mapadri wa Hispania waliwajengesha mababu zetu katikati ya mchanga. Unapitisha mkono chini ya shingo yake, unamwinua kichwa, unambusu paji la uso. Kwa aliye na amani naye, kichwa huinuka bila taabu. Kwa mwenye nadhiri ambayo hakuitimiza, hakiinuki. Tukiwa wasichana, mimi na Crisanta tulimwona Don Aristeo, mtu wa kumwangusha fahali kwa mikono mitupu, akivuta mpaka mishipa ya shingo ikamtoka, na kichwa cha mti kisisogee hata kidogo. Krismasi ya mwaka ule tulimzika.

Mtoto wa pili wa Crisanta alizaliwa amekufa. Miaka sita baadaye mumewe Rosendo alifukiwa na kisima alichokuwa akikichimba. Watu walisema ni mchanga, mchanga wa pale haushiki. Mimi nilimwona Crisanta alivyotazama dirisha lile lililofungwa.

Mwaka Obdulia alipotimiza miaka ishirini na minane, akiwa na mimba ya kwanza, miguu ilimvimba na macho yakaanza kuona ukungu. Daktari wa mjini alimlaza, akasema presha imepanda vibaya na hatatoka pale mpaka ajifungue. Siku ileile Crisanta aliingia jikoni kwangu bila kubisha hodi.

"Komadre, anakuja kuchukua chake."

"Nani?"

"Usijifanye hujui. Kwanza alichukua yule mdogo, akachukua na Rosendo. Sasa anamtaka Obdulia mwenyewe."

"Crisanta, ile ni presha. Hata dada yangu alikuwa nayo."

"Dada yako hakumwahidi mtu." Akakaa kitini, akasimama tena. "Nakwenda kwa miguu. Nife njiani au nife mbele yake, potelea mbali."

"Una miaka hamsini na minne na goti bovu. Subiri jua lipungue."

"Nilisema kwenye jua la mwezi wa sita. Nilisema kwa mdomo wangu huu."

Nilimtukana kidogo, kisha nikaenda kutafuta kofia yangu.

Ni kilomita hamsini na tano. Tulibeba maji, nyama kavu iliyopondwa na mikate myembamba ya ngano aliyoipika mwenyewe. Siku ya kwanza tulitembea vizuri mpaka saa nne, tukajificha chini ya miskiti, mti wa miba wa jangwani, mpaka jua lilipolegea. Siku ya pili upepo ulitoka mbele yetu, wa moto, kama mtu amefungua mlango wa tanuri. Crisanta alitapika mara mbili. Midomo ilimpasuka. Madungusi yalisimama pande zote mbili za barabara, marefu kama nguzo, na yeye alikuwa akiyatazama kwa pembe ya jicho.

"Yanatusogelea," aliniambia.

"Kunywa maji, mwendawazimu wewe."

Lori la majani likasimama. Dereva akatoa kichwa. "Bibi zangu, hata ng'ombe wamelala kivulini! Pandeni, nitawashusha mlangoni."

"Ng'ombe hawajaweka nadhiri," Crisanta akamjibu, akapita.

"Basi na huyu mwenzako je?"

"Mimi nimeweka nadhiri ya kumzika," nikasema. Dereva akacheka, akatupa chupa mbili za maji, akaondoka. Nilipolitazama lile vumbi likipotelea mbele nilitamani kulia.

Siku ya tatu asubuhi tuliliona kanisa. Jeupe, peke yake, na minara yake miwili. Tulilitazama saa tatu nzima na halikukua. Lilipokua, lilikua ghafla, tukajikuta mbele ya mlango, na Crisanta akashika kizingiti.

"Miguu haitaki, komadre."

"Imekuja mpaka hapa."

"Imekuja. Sasa haitaki."

Nilimshika kiuno. Kucha zake ziliingia mkononi mwangu. Alama zilikaa wiki nzima. Ndani palikuwa na baridi na harufu ya popo na nta. Sikukuu ilikuwa kesho yake, kwa hiyo palikuwa na watu wachache tu, wanawake kama kumi na msimamizi wa kanisa, mzee Tiburcio, akipanga maua upande wa mbali, ametupa mgongo. Onofre alikuwa amelala mahali pake chini ya blanketi la hudhurungi, shingo yote imefunikwa, uso umechakaa kwa busu za watu.

Crisanta akapitisha mkono chini ya blanketi. Nilisikia pumzi yake. Akainua.

Kichwa hakikusogea.

Akaweka na mkono wa pili, akavuta. Kitanda cha mti kililia, kichwa hakikusogea. Mwanamke mmoja aliyekuwa nyuma yetu akamvuta mtoto wake na kumfunika macho. Wengine wakarudi nyuma, wakatuachia nafasi kubwa, kama watu wanavyomkwepa mwenye tauni. Namwomba Mungu anisamehe, na mimi nilirudi hatua moja.

"Amenikatalia," Crisanta akasema, bila sauti kabisa. Kisha akapiga yowe. "Obdulia! Mwanangu amekufa!"

Akakimbia nje na goti lake lile bovu, mpaka kwenye kiduka cha nyuma ya kanisa, penye simu. Nilimkuta amegandamiza simu sikioni kwa mikono yote miwili. Muuguzi alikuwa akimwambia kwamba Obdulia ameingizwa chumba cha upasuaji nusu saa iliyopita, presha imepanda zaidi, apige baadaye. Crisanta aliteremka taratibu akiegemea ukuta mpaka chini. Hakulia. Meno yake yalikuwa yakigongana katika joto lile.

Ndipo mzee Tiburcio alipofika, anahema, kofia mkononi.

"Mama, nisamehe. Nisamehe sana. Nimemfunga mimi."

Hakuna aliyemwelewa.

"Shingo yake ilipata ufa. Fundi aliitia gundi Jumatatu, akaniambia nimkaze kwa mkanda mpaka sikukuu ya kesho. Asubuhi nilienda kutafuta maua, nikasahau kuweka kizuizi cha kuwazuia watu."

"Unanibembeleza," Crisanta akasema.

"Njoo uone."

"Mzee, wewe ni mtu mwema. Niache."

"Sibembelezi mtu mimi! Njoo uone, mama, nitalala usingizi gani leo?"

Tulimnyanyua, mimi na mzee. Kule ndani Tiburcio alifunua blanketi, na kweli palikuwa na mkanda wa farasi, mpana, umepita shingoni na kuzunguka mbao za kitanda, pamoja na bizimu lake la chuma. Akaufungua. Akasogea pembeni. Crisanta alitazama ule mkanda kwa muda mrefu, kisha akanitazama mimi. Nilijua anachowaza. Kabla ya hapo angeweza kusema ni mkanda. Akijaribu tena na kichwa kisiinuke, hatakuwa na pa kujificha.

"Si lazima," nikamwambia.

"Nimechoka kutojua," akasema.

Akapitisha mkono. Kichwa kikainuka palepale, karibu kimpige kidevuni. Alikishika hivyo hewani, na uso wake haukuwa wa furaha. Ulikuwa wa hasira.

"Mwepesi hivi?" akanong'ona. "Miaka yote ile, na wewe ni mwepesi hivi?"

Alimbusu, akamlaza chini vizuri, akatoka nje bila kutazama nyuma.

Jioni muuguzi alituambia: mtoto wa kike, mdogo mno, yuko kwenye mashine, mama amezinduka. Mtoto alikaa kwenye mashine siku kumi na mbili, na kila siku ya hizo tuliishi roho mkononi. Aliokoka.

Tulipofika hospitali, Crisanta alimweleza binti yake kila kitu palepale wodini. Mimi nilidhani Obdulia atamkumbatia. Hakumkumbatia.

"Kwa hiyo ndiyo maana," Obdulia akasema. "Hukunipakata hata siku moja. Nilimuuliza komadre wako Librada kama mimi ni mtoto wa kuokotwa."

"Niliogopa kukuzoea," mama yake akasema. "Niliona wewe si wangu, nimeazimwa tu."

"Ungeniambia."

"Ningekuambiaje mtoto neno kama hilo?"

Walinuniana mpaka mvua za mwezi wa nane. Kisha asubuhi moja Obdulia alishuka kwenye basi na mtoto amemfunga kifuani, akaingia jikoni kwa mama yake, nilikokuwa nikinywa kahawa, akamkabidhi mtoto bila salamu, akajifunga kitambaa kichwani na kuanza kukanda unga. Alikanda vibaya, maji mengi. Crisanta alimwangalia, mjukuu begani, akamwambia aongeze unga. Nikawaacha.